Kuku wa Mazishi ya Kenga

1 Aprili

Mwalimu Eddah wa ngumbaru, darasa la watu wazima la kanisani, katuambia kila mwanafunzi aandike kila siku, hata mstari mmoja, mkono usije ukasahau, naye atasahihisha. Darasani mie ndiye mkubwa wa wote, kwa umri na kwa akili. Wenzangu wanajifunza ili wasome Biblia. Mie najifunza ili mambo yangu yasipotee, maana siku nikifa, mtaa mzima wa Junda utanyamaza kama redio iliyoisha betri.

Mvua bado. Joto la kukaanga samaki.

2 Aprili

Joto. Mkono unauma. Basi.

4 Aprili

Leo naandika ya mazishi ya Kenga, maana imefika karibu wiki na watu bado wananisifu njiani.

Kenga alikuwa mjukuu wangu, mwana wa mwana wa kaka yangu. Aliendesha foklifti kwenye yadi ya kontena kule Kipevu. Alianguka asubuhi akipiga mswaki, presha, akaenda hivyo hivyo. Tukamzika kwetu Vitengeni. Kwetu sisi Wagiriama baba anaheshimiwa, mjomba anaheshimiwa, lakini babu na mjukuu ni watani. Babu anatukanwa mpaka afe, na mjukuu akitangulia, babu anasimama kaburini anamtukana mjukuu mbele ya watu, wapate kucheka kidogo katikati ya kilio. Ni kazi hiyo. Na kazi hiyo, wallahi, kutoka Mariakani mpaka Malindi hakuna anayeifanya kama mie.

Basi jeneza limefika, nikalala chini nikaziba njia ya kaburi. Nikasema: "Huyu hazikwi! Huyu ni mwizi! Alimchukua Nyevu bure, mahari hakulipa hata kuku! Mie ndiye niliyekuwa mshenga wake, nawaambia. Ile kadzama ya tembo la mnazi aliyopeleka kwa wakwe niliinywa yote njiani, nikajaza maji ya kisima, wazee wakanywa maji wakaona haya kusema! Nyevu si mke huyu, Nyevu ni mkopo!"

Watu walicheka mpaka padri akageuka akatazama minazi. Nyevu mwenyewe, mjane, kanga imelowa machozi, alicheka. Halafu akafanya kama inavyotakiwa. Mtani haondoki bure, lazima mke wa marehemu amlipe. Akaniletea kuku, tetea mweusi mwenye shingo tupu, nikainuka, Kenga akapita akalala.

Huyo kuku yuko hapa chini ya kitanda changu. Mwenye mazishi mazuri ni mie.

7 Aprili

Mvua ya kwanza! Kuku naye kataga yai la kwanza. Nimelila.

9 Aprili

Nyevu kaniletea uji asubuhi kama kila siku, maana nyumba zetu ziko ua mmoja. Mke wa mjukuu ni mke wangu, ndivyo tunavyoitana. Yeye huniita mume wangu kibogoyo.

"Mume wangu kibogoyo," kasema, "kunywa haraka kabla uji haujakutafuna wewe."

Alikuwa anakwenda yadi kuulizia pesa za Kenga, zile mfanyakazi akifa wanaachiwa mke na watoto. Karudi jioni amenyeshewa, uso umemshuka. Kule ofisini kamkuta Rispa na kaka yake Absalom wamekaa kwenye benchi.

Rispa ni yule wa Changamwe. Sote tulikuwa tunajua, hatusemi. Kenga akilala huko siku za kazi, kwa vile ni karibu na Kipevu, huku Junda akija mwisho wa wiki. Wana mtoto wa kike mdogo. Ni watu wa bara hao, Rispa alikuja kutafuta kazi kwenye kiwanda. Mazishini alikuja, akasimama kando na simu yake, na mie sikumtazama mara mbili.

Mkubwa wa ofisi kawaambia hivi: Kenga hakuandika jina la mtu yeyote. Nendeni kwa chifu, mlete barua inayosema mke ni nani na watoto ni nani. Asiyekuwa kwenye barua hatumjui. Na iwe kabla Juni haijaisha.

Nyevu hana karatasi ya ndoa. Aliolewa kimila, kwa mbuzi na mnazi. Wazee wote walioinywa kadzama ile wamekufa. Wa upande wa Kenga aliyepeleka mahari ni mmoja tu, ni mie.

"Usiogope, mke wangu," nikamwambia. "Shahidi unaye, tena mwenye mdomo."

"Nakutegemea, kibogoyo," akasema. Hakuwa anacheka sana.

10 Aprili

Mvua.

14 Aprili

Nimekwenda mangwe, kilabuni kwa Ziro, kunywa kibuyu kimoja cha mnazi. Nilipoingia watu wakaanza: "Mpeni maji ya kisima! Mpeni maji ya kisima!" Nikafurahi, nikadhani sifa. Ziro akanitolea simu. Ndani ya simu nimo mie, nimelala kaburini, nasema mahari hakulipa hata kuku. Nasema Nyevu si mke. Halafu inakatika pale pale.

"Imetoka wapi hii?"

"Ya Absalom hii," Ziro akasema. "Inazunguka. Ameipeleka mpaka kwa chifu. Anasema huyu ndiye mshenga, amekiri mwenyewe mbele ya kaburi. Mtu hawezi kusema uongo mbele ya kaburi."

"Lakini ule ni utani!"

"Mie najua ni utani. Wewe wajua ni utani. Watu wa bara wajua nini?"

Mnazi ulinishinda. Nimeuacha nusu. Jua hilo, mwalimu, halijawahi kutokea.

15 Aprili

Sikulala.

16 Aprili

Sikulala. Kuku kalala.

19 Aprili

Nimemwambia Nyevu asiwe na wasiwasi, nitamweleza chifu vizuri. Akasema, "Eleza kidogo, babu. Tafadhali. Kidogo." Mara ya kwanza kuniambia tafadhali. Sikuipenda.

22 Aprili

Nitaandika yote hata mkono ukivunjika.

Tumekwenda kwa chifu. Chifu wetu ni mwanamke, tunamwita Mama Chifu, hana mchezo lakini ana masikio. Upande mmoja Nyevu na binti yake Linda na mdogo wake Menza, wamevaa sare za shule, maana Nyevu alitaka chifu awaone. Upande mwingine Rispa na mtoto mgongoni, na huyo Absalom, kijana mrefu wa kazi za bandarini, viatu vyake havina hata tope na sote tumetoka kwenye tope lile lile. Nikamchukia kwa viatu.

Video ikachezwa. Nje madirishani watu wakacheka. Mama Chifu hakucheka.

"Mzee Mwarandu, ni wewe huyu?"

"Ni mie, Mama. Na ni utani."

"Najua utani, nami nina babu. Lakini nikuulize sasa bila utani. Mahari ya Nyevu ilitolewa au haikutolewa?"

"Ilitolewa, wallahi."

Hapo, mwalimu, ndipo nilipotakiwa kufunga mdomo. Nilimwona Nyevu amenitumbulia macho, kama mtu anayemwona mtoto karibu na kisima. Lakini madirisha yamejaa watu, na wamenyamaza wananisikiliza mie. Mwili wenyewe ulikwenda.

Nikasema: "Tena ilitolewa mahari ambayo Vitengeni haijaiona tena! Mbuzi walikuwa wengi mpaka basi la Malindi likasimama, dereva akashuka akauliza leo kuna mnada? Kadzama za mnazi tulizibeba kwa mkokoteni, na ule mkokoteni nilikuwa nausukuma mie peke yangu, kwa mkono mmoja, mkono wa pili nimeshika ng'ombe!"

"Mbuzi wangapi, mzee?"

"Kumi na wawili!"

Nyevu akafumba macho. Walikuwa wanne.

Absalom akasimama. "Mama Chifu, kwa mazishi mzee alisema hakuna hata kuku. Leo ni mbuzi kumi na mbili. Tukirudi wiki ijayo watakuwa ngamia. Mzee, wacha stori mingi."

Watu wakacheka. Na mie nikacheka! Neno la ngamia lilinipata, mwalimu, lilikuwa zuri, nikacheka na adui yangu mbele ya chifu.

Mama Chifu akaweka kalamu chini. "Mzee, mie nataka kukuamini. Nikuamini lini? Nikiandika barua kwa maneno yako, wataivunja kama yai." Akasema atatuita tena mwezi wa tano mwishoni. Akasema anayetaka kuandikwa alete la kushika, siyo la kusikia.

Tumerudi Junda kwa miguu kwenye mvua. Nyevu mbele na watoto. Mie nyuma. Hakugeuka.

23 Aprili

Nyevu kaleta uji. Ameushika kwa mikono miwili. Amepiga goti kidogo.

"Shikamoo, mzee," akasema.

Hakuna kibogoyo. Hakuna mume wangu. Kaweka bakuli, karudi nyuma, kaenda zake.

24 Aprili

Shikamoo, mzee.

25 Aprili

Shikamoo, mzee. Uji una sukari ya kutosha, una ndimu, hauna neno.

27 Aprili

Mvua haikatiki. Choo cha nyuma kimejaa maji. Nimemwambia Nyevu, "Mke wangu, nitengenezee mtumbwi nikaende haja." Kasema, "Nitamwomba fundi aje atazame, mzee." Hivyo tu. Mtu mzima nimekaa kitandani nimetamani kutukanwa.

30 Aprili

Linda karudishwa kutoka shule kwa ajili ya karo. Amekaa mlangoni anakata kucha. Sikumtania. Sikupata la kumtania.

3 Mei

Maji yameingia mpaka ndani. Kuku nimempandisha kitandani, tumelala wote wawili kama mume na mke. Yeye hanipi shikamoo.

8 Mei

Kuku kaacha kutaga. Anataka kuatamia. Nilikuwa nimemwachia mayai kwa sababu siku hizi chakula hakipiti. Namnyooshea mkono ananidonoa. Naye kageuka.

11 Mei

Nimebaki baada ya darasa, nikamwomba mwalimu Eddah anifundishe kusema kidogo. Akacheka. Halafu akaona sicheki.

"Haya, babu," akasema. "Mie ndiye chifu. Mahari ilitolewa?"

"Ilitolewa."

"Vizuri. Na ilikuwa nini?"

"Mbuzi wanne, na mmoja wao alikuwa na pembe moja, na ile pembe ya pili ilikuwa imevunjwa na chui aliyekuja usiku, na yule chui mie nika..."

"Babu."

"Nika..."

"Babu!"

Tumerudia mpaka giza. Mara moja tu nilifika mwisho bila chui.

13 Mei

Nyevu kauza cherehani yake. Nimeiona ikipita uani, imebebwa na mtu simjui.

Tangu mwanzo nilikuwa nasema moyoni, hata barua ikishindikana, Nyevu ni mtu wa kuvumilia, ataishi. Leo nimemtazama anavyokunja ile meza tupu. Sio mtu wa kuvumilia huyo. Ni mtu anayejizuia asipige kelele. Zamani sikujua tofauti yake.

16 Mei

Nimekwenda Changamwe. Sikumwambia mtu.

Nilikwenda kugombana. Nilikuwa nimeyapanga maneno tangu Kongowea mpaka Makupa: nimwambie Rispa yeye ni mwizi, nimwambie kaka yake mwizi. Nikaulizauliza mpaka nikapata ile ploti, vyumba vya kupanga safu mbili, mashine za umeme za Kipevu zinavuma mpaka sakafu inatetemeka. Rispa akafungua mlango mtoto kiunoni. Chumbani kuna kitanda, jiko, na ovaroli ya Kenga imetundikwa ukutani. Imefuliwa, imepigwa pasi.

Akaniona mvua inanichuruzika. Hakuniuliza nimefuata nini. Akanipa taulo, akanipikia ugali. Ugali mgumu, mwalimu, nimetafuna kama mtu anayelipwa. Maneno yote niliyoyapanga yakashuka na ule ugali.

"Mzee," akasema, "umetoka mbali na hii mvua. Sema tu."

"Kaka yako anacheza video yangu. Ule ulikuwa utani. Nyevu ni mke wa Kenga, mie nilipeleka mahari yake."

"Najua ni mke."

Nikamuuliza, unajua, na mnamfanyia hivi?

"Kenga hakunificha," akasema. "Mimi nilikubali hivyo. Lakini kwetu nyumbani hajafika, mzee. Alisema mwezi wa nne ataenda aone baba yangu, apeleke kitu. Akafa mwezi wa tatu. Sasa mimi ni nani? Nyevu ana nyinyi. Mimi niko na nini, ovaroli?"

Mtoto akalia, akambembeleza. Halafu akasema bila kunitazama:

"Siku ya mazishi ulimtukana Kenga. Ukamtukana Nyevu. Ukatukana hata yule padri, eti ana tumbo la sadaka. Mimi nilikuwa nimesimama hapo karibu kabisa. Ulinipita tu kama sufuria. Nikaona labda ni heshima. Kurudi hapa nikauliza jirani, ni mama wa Kigiriama, nikamuuliza: kwa mazishi yenu, mtu ambaye hatukanwi ni nani? Akaniambia, huyo ni mgeni. Huyo si wa mji." Akapangusa mtoto pua. "Usiku huo ndio nikampa Absalom ile video. Nikamwambia afanye anachotaka."

Mwalimu, mie nimeingia kwenye mapigano ya bandarini na chuma mkononi. Sijapata kupigwa namna ile.

Kwa sababu ni kweli. Nilimpita kwa makusudi. Ningemtania mbele ya ukoo, ningekuwa nimesema huyu naye ni mke wangu, na sikutaka Nyevu asikie.

"Hiyo video yako," nikamuuliza, "inakatika wapi?"

"Ya Absalom ndiyo imekatwa. Yangu iko yote."

"Mpaka kuku?"

"Mpaka kuku."

Sikumwomba. Nilitaka kumwomba, mdomo ukafunguka, nikaona ile ovaroli. Nikasema ahsante kwa ugali.

17 Mei

Nimemwambia Nyevu. Nimemweleza kila kitu, kidogo kidogo, bila chui. Nimemwambia: Rispa ana video nzima, ambamo wewe unalipa kuku na wazee wanakuita mke wa marehemu. Ndilo la kushika alilotaka Mama Chifu. Lakini siwezi kumwomba mtu akutambue wewe na mie sitaki kumtambua yeye. Nikimtania mbele ya chifu, anakuwa mke mwenzio. Mtaandikwa wawili, na kitakachokuja mtagawana.

Alikuwa anachambua mchele. Aliendelea kuchambua.

"Nyevu. Nifanye au nisifanye?"

"Wewe ndiye mkubwa, mzee," akasema. "Utakavyoona."

Afadhali angenimwagia mchele.

18 Mei

Shikamoo, mzee.

20 Mei

Mvua. Nasikia mtu anabisha hodi. Nikitoka, hakuna mtu.

23 Mei

Nikimtania Rispa, nimemwibia Nyevu. Nisipomtania, chifu hana la kushika, Nyevu hapati kitu. Nimeizungusha hii kichwani mpaka imekuwa laini, na bado haina mlango.

Ziro kaniuliza mbona siji mangwe. Nimemwambia nafunga.

26 Mei

Tumekwenda.

Madirisha yamejaa tena, wamekuja na viti. Mama Chifu akauliza kama nina jipya. Nikasimama.

"Mbuzi wanne," nikasema. "Mmoja kilema. Kadzama mbili za mnazi. Ng'ombe mmoja alifuata baadaye. Kadzama nilizipeleka mie kwa baiskeli, safari mbili. Sikuzinywa."

Nikakaa.

Hakuna aliyecheka. Kuna mzee dirishani akasema, "Anaumwa?"

Mama Chifu akanitazama kwa huruma, na hiyo ndiyo mbaya. "Nimekusikia, mzee. Leo nakuamini. Lakini wa video ni wewe na wa leo ni wewe. Bado ni maneno yako kwa maneno yako."

Absalom akaanza kukusanya funguo zake.

Nikamtazama Nyevu. Alikuwa ameangalia sakafu. Nikasubiri anitingishie kichwa, ndiyo au la. Hakutingisha. Basi nikainuka tena, nikageukia upande wa pili.

"Na huyu je?" nikasema kwa ile sauti yangu ya kaburini. "Mnamwona huyu Rispa? Mnajua kwa nini Kenga alimwendea? Alionja ugali wake, akasema hapa nimepata tofali za kujengea nyumba! Nimeula mie, meno yangu mawili yaliyobaki yamelazwa hospitali! Halafu mke gani huyu? Mume wake niko Junda nakauka kama ng'onda, yeye amejificha Changamwe, hajanichotea hata maji ya kuoga! Kenga kaniachia wake wawili na mie hata yule wa kwanza simuwezi!"

Dirishani wakaangua. Mama Chifu kashika mdomo. Absalom kasimama, kakunja ngumi: "Mzee, unatukana dadangu?"

"Kaa chini," Rispa akamwambia.

"Anakutukana mbele ya watu!"

"Absa. Kaa chini. Ananitukana." Alikuwa analia na anacheka. Akafungua kitambaa cha kichwani, akanitupia kifuani. "Chukua malipo yako, unyamaze. Kibogoyo."

Hilo neno liliposemwa, Nyevu akainua kichwa.

Rispa akatoa simu. Absalom akamshika mkono, yeye akautoa, akaiweka juu ya meza ya chifu. Tukaiona yote. Mie chini nimeziba njia. Nyevu anakuja na tetea mweusi ananing'inia. Sauti yake ikasikika wazi: "Chukua kuku wako, mtani, umwachie mume wangu akalale." Na wazee wa ukoo wetu wote kwa pamoja: "Mpisheni mkewe! Mpisheni mkewe!"

Mama Chifu akairudisha akaitazama tena. Kisha akamgeukia Nyevu.

"Wewe nimekuona, na ukoo wamekuita nimesikia. Sasa nakuuliza wewe, siyo mzee. Huyu mwenzako unamjua? Maana mtani wenu ameshamtania hapa mbele yangu, na amelipwa."

Mvua ilikuwa inapiga mabati mpaka nikadhani hakusikia. Nyevu alimtazama Rispa. Akamtazama yule mtoto, ambaye uso ni wa Kenga mtupu, masikio yale yale ya kupepea.

"Andika," akasema. "Lakini mie wa kwanza."

"Wa kwanza," Rispa akasema. "Hilo sikatai."

Mama Chifu akaandika. Wake wawili, watoto watatu. Akapiga muhuri.

Nje nikamfuata Nyevu nimpe mkono. Akapiga goti dogo kwenye tope. "Shikamoo, mzee. Umefanya kazi kubwa." Akaenda zake.

27 Mei

Uji. Mikono miwili.

31 Mei

Nyevu na Rispa wamepeleka barua yadi, kila mmoja na njia yake. Imepokelewa. Wameambiwa wasubiri, lakini majina yote yameingizwa. Absalom ndiye aliyenipigia simu kunieleza, sijui namba yangu kaipata wapi. Mwisho akasema, "Na wale ngamia mzee, wako aje?" Huyu kijana viatu vyake sasa siviwazi sana.

1 Juni

Vifaranga wametoka! Wanalia chini ya kitanda kama darasa la ngumbaru.

Shikamoo, mzee.

5 Juni

Mvua inapungua. Nimezoea. Mtu anaweza kuheshimiwa na akaishi. Wako wengi wanaoishi hivyo.

14 Juni

Leo tumefanya maombi ya kuondoa matanga ya Kenga hapa Junda. Padri kaja, kakaa mbali na mie. Jua limetoka, la kwanza la maana tangu Aprili, kanga zimeanikwa ua mzima.

Rispa kaja na mtoto wake, Emmaculate, na sufuria ya ugali kichwani. Nyevu kampokea sufuria. Hawakukumbatiana, msidhani. Nyevu kaugonga ule ugali kwa kidole, akasikiliza kama fundi anayepima tofali. Lakini nilimwona.

Kisha Rispa akaja pale nilipokaa. Masikini, amefundishwa adabu na yule jirani yake, akapiga goti hasa, mikono miwili.

"Shikamoo, babu."

Nikafungua mdomo niitikie marahaba, roho imenyauka. Hata huyu.

Nyuma yake Nyevu akasema, "Wewe! Inuka hapo."

Rispa akashtuka.

"Huyo hapewi shikamoo," Nyevu akasema. Ameshika kiuno, mwiko mkononi, anazungumza na mwenzake lakini macho yako kwangu. "Nani kakufundisha? Huyo anatukanwa. Huyo ni mwongo wa kupindukia, mbuzi wanne kwake kumi na wawili, mla mayai ya wajane. Tazama mdomo ule, kama mlango wa choo ulioachwa wazi. Karibu miezi miwili nimempa heshima, amekonda kwa heshima, mwone! Haya, sema wewe."

Rispa akanitazama. "Kibogoyo," akasema polepole.

"Kwa sauti! Mume wako yule, hasikii!"

"Kibogoyo!"

"Na kuku wangu yuko wapi?" Nyevu akasema. "Kazi ya utani uliifanya ovyo, ukatupeleka mpaka kwa chifu. Namtaka kuku wangu."

Akaingia ndani mwangu bila hodi, akainama chini ya kitanda, akatoka na yule tetea mweusi, shingo tupu, anapiga kelele mpaka padri akasimama.

Mwalimu Eddah, leo herufi zimepinda na sio uzee, usinisahihishe.

Kuku kamchukua. Vifaranga kaniachia. Kanambia mume mbaya adhabu yake ni hiyo, alee mwenyewe.